Nne ya Mama Wafula

Alhamisi, 30 Oktoba 2025

Mama Wafula amesahau mtoto tena. Ameenda harusi Njiru na wale wengine, akafunga mlango, Nafuna akabaki kwa ngazi. Ako na miaka tisa. Hakulia hata. Amekaa tu na sahani yake ya manjano — huwa anatembea nayo, kwa sababu kwao akingoja kupakuliwa hapakuliwi. Lazima asimame karibu na jiko aseme, "Na mimi."

Lela amemwingiza ndani, akampa wali na maharagwe. Baadaye ananiuliza, "Baba Iqra, huyu mama ana shida gani? Si mlevi, si mkali. Hao wengine anawapenda mpaka basi."

Nikasema sijui.

Najua. Ni mimi.

Ijumaa, 31 Oktoba

Hii kitu sijawahi kumwambia mtu. Acha niandike, labda nikiiona kwa karatasi nitapata nguvu.

Mjomba Abdurahim wa Eastleigh, Mungu amrehemu, alinifundisha hesabu. Si ile ya shule. Kila mtu anazaliwa na namba zake, moja mpaka kumi, na zinaweza kutolewa. Unamuongelesha mtu mlangoni kwake mpaka aitaje namba ile ile mara tatu bila kujua. Hapo ni yako, unampa unayetaka. Aliyetolewa hasikii kitu. Anahesabu moja, mbili, tatu, tano, na kwake iko sawa. Lakini chochote chake cha nne kinampita.

Lela alikuwa anapoteza mimba. Mbili, zote zikifika mwezi wa nne. Mjomba akasema nne yake imechakaa, mtafutie nyingine. Mama Wafula ndio alikuwa amehamia hapa Kayole, Wafula mgongoni, hata jina lake Nabalayo sikuwa nimelijua. Nikamuuliza, umeona nyumba ngapi kabla ya hii? Nne. Na maji umepandisha ndoo ngapi? Nne. Na kijana amezaliwa mwezi gani? Wa nne. Akacheka. "Jirani, unaniandikia kitambulisho ama?"

Iqra akazaliwa. Saa hii ako Form Two. Sijawahi kumshukuru Mungu kwa Iqra bila kuinamisha uso.

Nilijiambia, mama wa mtoto mmoja, nne ya nini? Akazaa wa pili, wa tatu. Nikanyamaza. Jumanne zikampotea, watu wa ploti wakamfanya kichekesho. Nikanyamaza. Akazaliwa Nafuna.

Kurudisha si kama kuchukua. Lazima umwambie mwenyewe ulichomfanyia, na yeye aseme "nipe." Ile iliyo kwa Lela siwezi kugusa, Iqra amesimama juu yake. Nitatoa yangu. Mimi mtoto ni mmoja. Nitakosa nini?

Jumapili, 2 Novemba

Nimemwambia Lela. Alikuwa anapiga pasi. Ameendelea kupiga pasi shati moja mpaka nikaogopa litaungua. Kisha: "Kwa hivyo mtoto wangu amekula sahani ya mtoto wa mwenzangu."

Akazima pasi.

"Kesho unaenda. Usipoenda, naenda mimi."

Nikafikiri amemaliza. Akaning'iniza shati, akasema kama mtu anaongea na ukuta, "Na ukirudi bila hiyo nne yako, nitakuwa nakuhesabia."

Huyu mwanamke. Alhamdulillahi.

Jumatatu, 3 Novemba

Nimeenda. Mama Wafula alikuwa anakata sukuma wiki. Nikamwambia yote, nimesimama pale pale mlangoni. Kwanza amecheka. "Baba Iqra, umeanza kuvuta vitu?"

Nikasema, nihesabie watoto wako.

"Wafula. Simiyu. Nanjala." Akaishia hapo, ameridhika.

Na Nafuna yuko hapo kando yake, sahani mkononi. Mama akafuata macho yangu. Akamwona. Akaweka kisu chini.

Nilingojea matusi. Nilingojea hata maji moto. Akafuta mikono kwa leso. Halafu: "Nimeenda mpaka kwa pasta niombewe, nikidhani mimi ni mama mbaya."

Nikasema, ubaya ulikuwa wangu.

"Kusamehe sijui. Hiyo tutaongea siku ingine. Lakini nipe."

Nikaitaja namba yangu mara tatu. Ya mwisho ulimi ulikuwa mzito kama umelala. Yeye akaanza upya, kwa vidole, polepole: Wafula, Simiyu, Nanjala — akashika kidole kilichofuata — Nafuna. Akamwambia, "Lete sahani, mama akupakulie." Nafuna akakataa kuiachilia. Hajazoea. Wakavutana, mmoja huku mmoja kule, mpaka mama akaanza kulia na mtoto akacheka.

Nimeona hiyo kwa macho yangu. Nashukuru nimefika kuiona.

Jumatano, 5 Novemba

Lela ameona nikiandika hiyo tarehe, akasema leo si Jumatano. Akataja siku nyingine. Niliona midomo ikisonga tu. Jana Jumatatu, leo itakuwa nini kama si Jumatano? Nimeiacha.

Adhuhuri imenishinda. Nikifika rakaa ya tatu, swala haijaisha. Nikiongeza moja inakuwa ya tano, imezidi. Nimerudia mpaka magoti yakauma. Kitu nilijua tangu utoto. Iqra akasimama nyuma yangu: "Baba, si uende msikitini tu ufuate imamu?"

Miaka hii yote nimeswali nyumbani, isipokuwa Ijumaa. Nilikuwa naona haya kusimama bega kwa bega na watu safi. Sasa peke yangu sifiki. Lazima niende, nisimame wakisimama, niiname wakiinama. Nilidhani ni adhabu. Nikiifikiria, naona nimealikwa.

Nafuna amekuja sasa hivi na sahani ya manjano, imefunikwa. Amenona uso, ama ni macho yangu. "Mama amesema hii si ya kusamehe. Ni mandazi tu."

Nimekula moja, mbili, tatu. Tamu. Nimemwambia asante, rudisha sahani. Haichukui. Anaiangalia, ananiangalia.

"Na hii?" anasema.

Naona sahani tupu. Yeye anasonga karibu, anashika kidole changu vile mamake alishika vyake jana. Lela ameniwekea kofia mlangoni, adhana ya alasiri imeanza, na huyu mtoto anavuta mkono wangu polepole kuelekea pale anasema kuna —