Mguu Uliosikika Roma

Jumapili, 6 Oktoba 2024

Sikuenda kanisa. Mguu wa kulia umevimba, hauingii kwa kiatu, na kidole kimekuwa cheusi. Sukari hiyo. Mulei, mtoto wangu, ametoka Kimbo kuja kunipigia kelele hapa kwangu Landless. Eti mama unangoja nini? Nangoja ipoe! Sitaki kuambiwa ile kitu najua nitaambiwa.

Wilkister wa kanisa alileta maziwa na maswali. Akauliza tena nilifanya kazi gani Italia. Nikamwambia, rumorista. Akashika kifua — kumbe ulikuwa unalipwa kueneza rumours! Nikacheka mpaka machozi.

Jumanne, 8 Oktoba

Hospitali. Nimelazwa. Daktari ni msichana mpole. Mguu ukatwe chini ya goti, haraka, sumu isipande juu. Alikuwa anamwambia Mulei. Na mwenye mguu ni mimi!

Nimekataa kuweka sahihi.

Jumatano, 9 Oktoba

Mulei amekasirika. Mama, mguu ni mguu tu. Ngai! Mguu tu?

Nilikuwa yaya kwa Waitaliano wenye kahawa kule Ruiru. 1961 wakarudi kwao Roma, wakanibeba. Ndugu ya Mama mwenye nyumba, Ottavio, alikuwa rumorista, mtu wa kutengeneza sauti za sinema. Kwao wakati huo waigizaji walipigwa picha tu, sauti zikawekwa baadaye ndani ya chumba cha giza: mlango, mvua, farasi. Siku moja nikampelekea chakula. Akanisikia kwa ngazi. Akasema, rudi chini, upande tena. Nikadhani amerukwa na akili. Nikapanda tena. Mwanamke wake wa kutoa sauti za hatua alikuwa mgonjwa, basi nikapewa viatu vya kisigino na kipande cha sakafu.

Miaka saba! Wale warembo wote wa kwenye pazia la sinema, uso wao, miguu yangu. Mjane kanisani — mimi. Tajiri akitembea kwa marumaru — mimi, Syokau binti Musau! Jina langu halikuandikwa popote na sikujali. Tulikula mkate na zeituni hapo hapo gizani, Ottavio akiniita "piedino", kamguu. Nilipenda ile kazi kuliko kitu chochote. Hata kuliko marehemu mume wangu Nzioki, Mungu anisamehe. Nikarudi nyumbani kuzika mama yangu, na nauli ya kwenda tena haikupatikana.

Ijumaa, 11 Oktoba

Dianah, mjukuu wangu, binti ya Mulei, hakunipigia kelele. Alivua viatu katikati ya wadi. Susu, nifunze hatua moja ya sinema.

Nikachagua ile ya mwanamke anamwacha bwana na bado anataka kuitwa arudi. Unaenda haraka, halafu kisigino kinachelewa kidogo tu. Akajaribu. Woi! Anatembea kama mtu anakimbilia mwajiri. Akarudia, wagonjwa wakampigia makofi, lakini wapi. Nikamwambia hii kitu haifundishwi kwa mdomo, itaenda na mguu. Halafu nikalia, mzee mzima.

Yeye pia akalia. Akasema yeye anataka Susu, hataki mguu.

Nikaitisha ile karatasi. Nimeweka sahihi.

Jumatatu, 14 Oktoba

Ni leo. Naogopa sana, sitajidanganya. Wamenivalisha gauni inafunguka nyuma, aibu tupu.

Kitanda cha magurudumu kimeletwa. Nimekataa kupanda. Sakafu ya koridoo yao ni terazo safi kabisa, Roma ilikuwa hivyo. Nimemwomba nesi, Sista Becky, niende kwa miguu mpaka mlango wa thieta, wanapokata. Peku, polepole, Dianah akinishika. Uchungu nitavumilia. Akasema hairuhusiwi, Susu. Nikamwambia nenda uulize. Akaniangalia. Ameenda kuuliza.

Dianah ameweka simu chini, karibu na ukuta, irekodi hatua zangu. Mulei amegeukia dirisha.

Sista anarudi. Nimefunga macho nisikilize kwa hatua zake kama wamekubali — ai, viatu vya mpira! Havisemi lolote.

Nimeshateremsha miguu. Yote miwili.