Kilio cha Mwamini

Leopoldville

Yaya Salima, dada yangu wa kwanza,

Ninakusalimu wewe na wote wa nyumbani. Ile homa ya wakati wa mvua imekuacha? Muhogo wa ng'ambo ya muto umetoka vizuri? Mimi mwili hauna shida, lakini roho iko nzito. Shemeji, wewe unayemusomea, tafadhali usiisome barua hii barazani. Ingieni ndani, ninyi wawili tu.

Yaya, unajua kazi yangu ni kutunza filimu za zamani. Wazungu wanaotengeneza sinema mpya wanakuja kutafuta vipande vya kutia ndani yake. Kabla ya kupewa ruhusa, mutunzaji anatia mukono kwenye karatasi: picha hii inaonyesha jambo gani, na watu wake walikubali.

Mwaka jana alikuja mumoja, anataka wanawake wanaosherehekea mavuno. Nilitafuta siku tatu. Ya nne nikafungua bati moja la filimu za kwetu Kabambare, lililoandikwa "ngoma", nikainua filimu dirishani. Nikakuona. Ilikuwa siku tulipomuzika binti yako Mwamini, yule muzungu alipopita na mashine yake ya miguu mitatu. Uko chini, kitambaa kimeanguka, unajipiga kifua.

Mukubwa wa kazi akauliza, "Hawa wanacheza ngoma gani?"

Wote wananitazama. Niliona haya kusema mwanamuke yule ni yaya yangu. Nikajibu, "Ya mavuno." Nikatia mukono kwamba ni ya mavuno, na kwamba ulikubali pia, wewe ambaye hakuna aliyekuuliza.

Juzi walituonyesha sinema hiyo hapa mutaani. Wametia nyimbo na vigelegele juu ya picha yako. Watu wakacheka. Jirani akanigusa: "Tazama yule, amelewa!" Na mimi nikacheka pamoja naye, Yaya.

Asubuhi nikaenda kwa mukubwa, nikamwambia kile kilikuwa kilio. Akatoa karatasi.

"Mukono huu ni wa nani?"

"Wangu."

"Basi. Sinema imekwisha kutoka."

Nikarudi kwenye stoo, nikafuta neno ngoma kwenye bati, nikaandika: Kilio cha Mwamini, binti ya Salima, Kabambare. Mukubwa alipoliona akaninyang'anya funguo. Sasa ninafagia ua.

Gari la sinema litafika Kasongo wakati wa kiangazi, kisha huko kwenu. Sikuweza kulizuia. Ninataka usikie kwangu kwanza, usije kujiona ghafula katikati ya watu wanaocheka.

Musalimie mama mudogo, mufinyanzi wetu, na mujomba muvuvi wa Nyangwe. Ukitaka kuwaambia, waambie, siombi unifichie. Shemeji, kaa naye kidogo kabla ya kwenda shamba. Jibu lolote, hata la matusi, nitalipokea kwa mikono miwili.

Ni mimi mudogo wako, niliyekucheka,

Ramazani