Mbwa wa Mama Julienne Hakuanza Mwenyewe

MAELEZO YA SHAHIDI, MARA YA PILI
Kituo cha polisi, Goma, mbele ya OPJ (ofisa mpelelezi) Nzabonimpa, tarehe 17 Oktoba 2023, saa tatu asubuhi.
Jina: Bulonza Olivier. Miaka: 19. Kazi: taksi-moto (pikipiki ya abiria). Makao: Majengo. Masomo: darasa la tano ya primeri, nilitoka mwenyewe, hawakunifukuza.

Mimi Bulonza naeleza bila kulazimishwa. Kwenye pakingi yetu hakuna anayenishinda kugeuza moto juu ya mawe ya volkano, Papa OPJ, uliza mutu yeyote. Nasema hivyo kwa sababu sifa ndizo zilizoleta mambo haya.

Sultani ni mbwa wa Mama Julienne, mjane, jirani yangu. Akisikia moto karibu, woga unampanda na anarukia. Tangu mwezi wa nane Mama alikuwa akimpeleka Munigi kila Jumamosi, kwa Ruffin, daktari wa mifugo, anayewakusanya wenye mbwa wa namna hiyo na kuwafundisha bure. Nilimuuliza, "Mama, Sultani amefika la ngapi? Asinipite." Alicheka. Kisha akatuomba sisi wa pakingi: "Batoto yangu, daktari anasema peke yangu sitaweza. Mukiona kitambaa ya manjano kwa kamba yake, muzime moto kidogo, nipite." Tulizima, hata mimi. Wiki ya saba mbwa alikuwa anapita kimya, anamwangalia Mama tu.

Mnamo Jumamosi tarehe 14, saa mbili kasoro dakika kumi asubuhi, walipita tena. Mwenzangu Constant akasema, "Mutazame mwanaume anaogopa mwanafunzi ya Munigi." Kitambaa nilikiona vizuri. Niliwasha moto, nikapiga gesi ingurume mara tatu pembeni yao. Mama akasema, "Olivier, hapana." Nikapiga ya nne. Kamba ikamponyoka. Mimi mbwa hakunigusa. Alimuuma mguuni Muzee Balagizi, fundi wa nguo, aliyekuwa anafungua mlango wa kazi yake.

Siku ile saa nne niliandikisha hapa kwamba mbwa aliruka bila sababu. Ni uongo. Watu wa avenue, mtaani kwetu, walishika neno langu wakaomba auawe, na saa iliyowekwa ni leo saa sita.

Jana jioni Mama Julienne aliniletea sahani ya sombe. Akasema, "Pole, mutoto yangu, mbwa yangu alikuogopesha." Nilipokea. Kula nilishindwa.

Naomba Sultani asife kwa neno langu. Alichanjwa, karatasi iko kwa daktari Ruffin. Muzee Balagizi nitampeleka mimi mwenyewe kwenye sindano zake za kichaa cha mbwa, kama atakubali kupanda kwangu.

Hayo ndiyo niliyoyaona na niliyoyafanya, sina mengine. Mama Julienne ameketi kwenye benchi hapo nje. Naomba nitokee mlango wa nyuma.

(Sahihi) Bulonza O.

Noti ya OPJ Nzabonimpa: Maelezo yamesomwa mbele ya shahidi, ameyakubali. Amri ya saa sita imesimamishwa. Mbwa atachungwa siku kumi. Kituo hiki hakina mlango wa nyuma.