Barua Iliyokwenda Midrand

Jumatatu, 5 Mei

Suruali mbili za askari wa ulinzi, kupunguza kiuno. Gauni la jirani Mkongo, zipu. Pindo tatu. Baridi imeanza, vidole vizito asubuhi. Salehe kaamka na gitaa. Hajanawa hata uso. Mume wangu ana miaka sabini na mbili na hana haya.

Chanzo ni Deon, yule mwenye duka la santuri kule Kensington. Kakuta kwenye boksi santuri ya bendi yao ya Tanga, ile moja tu waliyorekodi. Picha yao iko kwenye jalada. Akaulizia Watanzania wa hapa Joubert Park, Johannesburg, mpaka akafika mlangoni kwetu, ghorofa ya nane, lifti mbovu, anahema. Anataka wapige dukani kwake Jumamosi ya tarehe 24, mchana. Salehe alilia mbele ya mgeni. Mimi nilifurahi. Naandika hapa ili nikumbuke kwamba nilifurahi.

Jumatano, 7 Mei

Waliobaki hai ni wawili. Salehe wa gitaa na Rukia wa kuimba. Na Rukia yuko hapa hapa! Yuko Midrand kwa mwanawe tangu mwaka jana, alipomaliza eda. Salehe alijua tangu Ramadhani. Hakuniambia. Anasema alisahau. Ebo! Mtu anasahau mwavuli.

Jalada liko mezani. Nimeligeuza kifudifudi mara mbili, yeye analigeuza tena. Rukia ana miaka kumi na tisa, afro kubwa kama ungo, sigara mkononi, viatu vya raizoni vya kumpandisha nusu futi. Na bugaluu, suruali pana chini. Salehe hatazami kamera. Anamtazama yeye.

Ile bugaluu nilishona mimi. Hakuna anayelisema hilo. Duka la mjomba, mlango umefungwa, kwa sababu vijana wa chama walikuwa wanapita na mikasi wakikata suruali pana za watu mchana kweupe. Ngoma za kizungu, nywele za kizungu, uhuni wa kizungu, ndivyo walivyosema. Mimi nikabuni kipande cha pembetatu cha kubandika kwa vifungo vya kubonyeza. Barabarani suruali ya heshima, ukumbini bugaluu. Bendi nzima ilivaa kazi yangu.

Ukumbini sikuingia hata siku moja. Baba angenivunja miguu. Nilisikia kupitia dirisha la nyuma. Salehe alichana spika kwa wembe ili gitaa likorome, kama wale wazungu wenye nywele ndefu kwenye santuri za mabaharia. Juu ya ule mkoromo, sauti ya Rukia. Watu wakipiga kelele. Mimi nina sindano mdomoni.

Nilikuwa na wivu naye tangu wakati huo. Nilidhani umekufa. Kumbe ulikuwa umelala tu.

Jumamosi, 10 Mei

Rukia kaja kufanya mazoezi. Kaletwa na teksi, buibui jeusi, manukato mpaka kwenye ngazi. Akanikumbatia. "Mwanaidi, shoga yangu, hujabadilika!" Nimebadilika sana. Nikacheka kicheko cha jino pembe, nikaenda kuchemsha chai.

Akafungua mdomo akaimba. Wakongo wa upande wa pili wakatoka kwenye korido kusikiliza. Sauti haijazeeka. Ningependa ingezeeka, Mungu anisamehe.

Salehe alikuwa anatabasamu akitazama nyuzi. Hilo tabasamu silijui. Nimeishi naye miaka arobaini na minane na silijui.

Rukia anataka nimshonee gauni la siku ya onyesho. Nikampima. Kiuno chake ni chembamba kuliko changu kwa inchi nne. Nikaandika namba yake kwenye daftari la wateja, na ya mwanawe Abdulkarim, maana simu yake anaisahau ovyo. Mwanawe ni mtu wa dini sana. Muziki hataki kuusikia. Kamwambia anakuja kwangu kushonewa nguo tu. Akacheka alipolisema hilo. Sabini kasoro na anamdanganya mtoto wake kama msichana anayetoroka kwenda kwenye dansi la bugi.

Jumapili, 11 Mei

Roho inaniuma. Nimeharibu kola ya shati la mtu.

Jumanne, 13 Mei

Nimerudi kutoka kununua uzi nikamkuta Salehe mezani anaandika. Kalamu nzuri, ile ya kusainia. Nilipokaribia akafunika karatasi kwa mkono.

Baadaye kaja Mzee Shomari kavaa kanzu siku ya kazi. Huyu ndiye mshenga wetu sote hapa Johannesburg. Nusu ya ndoa za Watanzania wa mji huu ziko kichwani mwake. Akija na kanzu, anakwenda kuposa. Nikasimama jikoni natazama kwenye upenyo wa mlango. Bahasha ikatiwa gundi. Ikakunjwa ndani ya leso nyeupe, mpya. Hivyo hivyo ilivyokunjwa barua yangu mimi. Nikasikia Alhamisi, nikasikia Midrand, nikasikia jina la Abdulkarim.

Nikamuuliza Salehe ni barua gani. Kanijibu: jambo la barua halisemwi kabla jibu halijaja, utajua.

Utajua! Mjane kamaliza eda, mwanawe ndiye walii, mshenga kavaa kanzu, leso nyeupe. Kuna nini cha kuambiwa tena? Nina miaka sitini na tisa na naletewa mke mwenza. Na mwenyewe namshonea gauni.

Jumatano, 14 Mei

Sikulala. Salehe kaenda kwa Deon kujaribu spika.

Nimempigia Abdulkarim saa nne asubuhi. Sauti ya upole. "Shikamoo mama." Nikamwambia mwanangu, mimi ni mtu mzima, nasema kwa sababu nakupenda. Mama yako haji kwangu kushonewa nguo. Anakuja kujifunza nyimbo. Anakwenda kuimba mbele ya wanaume dukani kwa mzungu, na watu watakuwa wanakunywa pombe. Nikapiga picha lile jalada nikamtumia. Afro, sigara, suruali.

Ya pombe niliiongeza mwenyewe. Sijui kuna nini kule. Nilitaka liume.

Akasema ahsante, na kwamba jina langu hatalitaja.

Nilipokata simu nikashona mapazia mpaka saa tisa. Nilijisikia vizuri. Ndiyo, vizuri sana.

Alhamisi, 15 Mei

Wameondoka saa tatu, Salehe na Mzee Shomari, kwa teksi za Park Station. Leso ndani ya mfuko wa koti. Kapaka mafuta nywele zilizobaki.

Wamerudi saa nane. Barua imepokelewa mlangoni. Hawakukaribishwa ndani. Salehe kala kidogo. Mimi nilikula vizuri.

Jumatatu, 19 Mei

Jibu limekuja. Mzee Shomari kaleta bahasha ile ile, gundi haijafunguliwa. Abdulkarim hakutaka hata kuisoma. Kasema yeye ameshaambiwa yote, na mama yake hatoki tena nyumbani bila yeye. Mzee Shomari kasema tangu aanze kazi hii hajawahi kurudishiwa barua ikiwa imefungwa. Aliona aibu yeye.

Salehe akaiweka juu ya kabati. Akasema anatoka kidogo, kwenda bustanini kukaa juani.

Nikaifungua. Nilitaka kuona alivyomposa. Nilitaka kuona maneno gani kampa, kama ni yale yale aliyonipa mimi.

Nainakili hapa, nisije nikajidanganya baadaye.

"Mwanangu Abdulkarim. Mama yako ni dada yangu wa kazi tangu ujana wetu. Kanieleza kwamba anakuja kwangu kwa siri, na mimi siwezi kupokea siri ya mama wa mtu. Kwa hiyo naleta ombi kwa njia ya heshima, kama linavyoletwa jambo zito. Naomba ruhusa yako aimbe nyimbo nne, mchana, siku ya Jumamosi. Ukipenda kuja, njoo ukae mbele. Hakutakuwa na pombe. Nimemwomba mwenye duka na amekubali kufunga friji siku hiyo. Mke wangu Mwanaidi atakaa ubavuni pa mama yako tangu anatoka kwako mpaka anarudi. Yeye ndiye dhamana yangu. Sijamwambia bado, maana sijui utajibu nini, na nikimwambia ataanza kujiandaa usiku na mchana. Lakini namjua. Hatakataa."

Nimeisoma nimesimama. Kisha nimekaa.

Namjua, kaandika.

Jumatano, 21 Mei

Nimempigia Abdulkarim ili niseme. Nilijipanga tangu jana: pombe haikuwepo, nimesema uongo, mruhusu mama yako, mimi nitakaa naye.

Kapokea haraka. Shikamoo mama, habari za nyumbani. Kabla sijafungua mdomo akaanza kunishukuru. Kasema wazee kama mimi wamekwisha, kila mtu siku hizi anatazama pembeni. Kasema anamwomba Mungu anipe umri.

Nikasema amina. Nikakata.

Nilishindwa. Mwoga mkubwa mimi. Nimekaa mbele ya cherehani saa nzima bila kutia uzi.

Ijumaa, 23 Mei

Rukia kanipigia mimi. Si Salehe, mimi. Analia. Mwanawe kamwonyesha picha akamuuliza huyu ni nani. Kasema hakujua ajibu nini, maana yule ndiye yeye, yule hasa, na huyu anayefua na kupika Midrand hamjui vizuri. Akaniuliza nani anaweza kuwa amemfanyia hivi. Akajijibu mwenyewe: labda wale wanawake wa madrasa.

Akasema ahsante shoga kwa kunisikiliza.

Bado nina wivu naye. Hilo ndilo linalonitisha. Hata analia, hata nimemmaliza, nilikuwa nasikia jinsi sauti yake ilivyo nzuri kwenye simu.

Jumamosi, 24 Mei

Tumekwenda. Deon alipanga viti thelathini katikati ya makasha ya santuri, vikajaa. Wazungu wazee wenye mikia ya nywele nyeupe, fulana za bendi zilizokufa. Vijana weusi wa huku wenye afro nzuri kuliko zetu za zamani, suruali pana chini. Binti mmoja alikuwa na bugaluu nyekundu. Nilitazama mshono wa pembeni. Umeshonwa na mashine ya kiwanda, hauna akili.

Friji ilikuwa imefungwa kwa mnyororo. Juu yake karatasi, kwa mkono wa Deon: leo hakuna pombe. Watu walikunywa maji na chai. Mimi niliuona ule mnyororo muda wote.

Deon aliweka maikrofoni mbili. Moja ya gitaa, moja ya Rukia. Alipoambiwa haji, alitaka kuitoa. Salehe akamkataza. Ikabaki pale imesimama, urefu wa Rukia.

Kapiga nyimbo zote nne. Gitaa lilikoroma mpaka vioo vya dirisha vikatetemeka, na lo, nilisahau! Nilisahau mume wangu ni nani. Kwa mara ya kwanza nilikuwa ndani ya ukumbi, si dirishani. Lakini kila palipofika mahali pa kuimba alipunguza, akaacha nafasi, akasubiri mistari ipite, kisha akarudi. Hakujaza. Watu hawakuelewa mara ya kwanza. Wimbo wa pili walielewa, wakanyamaza naye.

Walipiga makofi wamesimama. Eish, eish, vijana walikuwa wanasema. Deon alilia. Salehe akainama kidogo, akaelekeza mkono kwenye ile maikrofoni.

Kwenye gari la Deon kurudi, Salehe alisubiri mpaka robot ya mwisho, zile taa za barabarani. Akasema: mtu aliyemwambia Abdulkarim alitujua vizuri sana.

Jumapili, 25 Mei

Nimemwambia. Baada ya adhuhuri, bado kakaa kwenye mkeka. Nilisema yote bila kupumzika: leso, mshenga, nilivyodhani, simu, picha, pombe. Na kwamba nilifungua barua. Na kwamba nilipata nafasi ya kusahihisha nikasema amina.

Hakupandisha sauti. Ningeshukuru angepandisha. Kaniuliza kitu kimoja tu, nilipiga simu siku gani.

Nikasema Jumatano.

"Barua tulipeleka Alhamisi," akasema.

Akakunja mkeka. Akatoka kumtafuta Mzee Shomari, ili amweleze kwamba kosa halikuwa lake. Jioni nikampigia Abdulkarim. Safari hii nilianza mimi, sikumpa nafasi ya kunisalimia. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema atafikiri. Hakuniita mama.

Jumatano, 28 Mei

Sketi nne za shule. Koti moja, bitana. Jua zuri ila halina joto.

Abdulkarim hajasema kitu. Rukia hapokei simu yangu. Ni haki yake.

Salehe ananisemesha. Kasifu mchuzi. Kabadilisha balbu ya juu ya cherehani bila kuambiwa. Sina la kulalamika.

Asubuhi alivaa koti na kofia. Nikamuuliza anakwenda wapi, kwa mazoea tu, hata sikuinua macho kwenye mshono. Akasimama mlangoni akanieleza. Anakwenda Kensington kwa Deon. Kuchukua waya wake. Atapanda teksi ya kona, siyo ya Park Station. Hatakuwepo mtu mwingine ila Deon na yule binti wa kaunta, kijana mdogo, umri wa mjukuu. Hapiti Midrand. Atakaa nusu saa. Saa saba kamili atakuwa amerudi, na akichelewa atapiga simu.

Hajawahi kunieleza hivyo maisha yetu yote. Nilitaka kumwambia inatosha. Nikamsikiliza mpaka alipomaliza.