Mstari Niliousahau Chini ya Jina la Baba Mdogo

Al Sadd, Doha

Na mapazia yawe ya kijani kama ulivyotaka, mke wangu. Hata ukitundika magunia dirishani nitayaona hariri, maadamu wewe ndiye utakayeyafungua asubuhi.

Mwanaidi wangu, hujambo? Homa imekuacha? Mama bado anakohoa? Mimi mwili ni mzima. Joto limepungua kidogo, na wapangaji wa hili jengo ninalolinda wameanza kunisalimia kwa jina. Tuna miezi minne ya ndoa na tumekaa pamoja siku kumi na tisa tu, lakini kila nikivaa sare najitazama kwenye kioo cha lifti nasema: huyu ndiye mume wa Mwanaidi. Nacheka peke yangu kama mwehu.

Barua hii anakuletea dada mmoja anayefanya kazi za ndani kule Al Wukair, anarudi likizo. Nimeandika kwa sababu kwenye simu nimejaribu mara tatu nikashindwa. Kaa chini ndipo uisome.

Unakumbuka ile kamusi elezo ya mtandaoni niliyokusimulia, inayoandikwa na watu wa kujitolea? Kazi yangu humo ni kupanga wasifu wa wanasiasa. Chini ya kila wasifu unaweka mistari ya makundi: mwaka wa kuzaliwa, nchi, wabunge, mameya, ili msomaji akibofya kundi awakute wote pamoja. Limo pia kundi la wanasiasa mashoga na wasagaji. Hilo lina kanuni yake: humwingizi mtu mpaka awe amesema mwenyewe hadharani, na ushahidi uwepo. Wiki ile nilikuwa nalipanga hilo, mameya na mawaziri wa Ulaya na Amerika. Odhiambo, Mkenya ninayepokezana naye zamu, akawa ananitania: "Buda, na wewe na hao watu wako! Bibi yako anajua unasoma hizi vitu?" Nikamwambia, "Mwulize bibi yangu, atakupa majibu mpaka ukimbie."

Basi kwa furaha yangu ya harusi nikataka kumpa Baba Mdogo zawadi. Yeye ndiye aliyesimama mahali pa marehemu baba yako akaniozesha wewe. Mbunge wa zamani mzima, hana hata ukurasa! Nikamwandikia wasifu, nikaweka na zahanati na kisima alivyopigania. Sasa, sisi wapangaji tuna uvivu wetu: makundi hatuyaandiki upya, tunanakili ya wasifu mwingine halafu tunabadilisha. Nikanakili ya meya mmoja wa Ulaya niliyekuwa nimetoka kumpanga. Nikabadili mwaka, nikabadili nchi. Simu ikalia, ni wewe. Mwanaidi, nikiona jina lako sioni kitu kingine. Nikabonyeza kuhifadhi, nikapokea. Mstari mmoja wa yule meya, ule wa kundi la mashoga, ukabaki chini ya jina la Baba Mdogo.

Ndiyo. Ni mimi.

Niliuona baada ya siku mbili nikaufuta. Kumbe picha ya ukurasa ilishapigwa, inazunguka kwenye simu za wapinzani wake, na ni wiki ya kura za maoni za chama, naye anagombea tena. Yaliyofuata ulinisimulia mwenyewe ukilia: Baba Mdogo amesimama kuomba kura, vijana wakamrushia kanga kichwani na kupiga vigelegele, "Bibi harusi huyo! Mtandikieni mkeka!" Na wanaume wazima aliowasomeshea watoto wakacheka mpaka wakashikana mabega. Akaivua ile kanga, akaikunja taratibu, akaiweka mezani, akashuka. Hata kura za jamaa zake hazikutimia.

Kisha hasira zote akammalizia kaka yako Salimu, maana ndiye anayemfanyia mambo ya kompyuta. "Nani mwingine hapa anajua kuandika huko? Toka kwangu, na nikifa usinizike." Mpaka leo Salimu analala kwenye karakana ya rafiki yake, na watu wakimwona wanatema mate.

Siku ile ulisema, "Idrisa, aliyeandika yale Mungu amkate mikono. Sema amina." Nikasema amina. Mke wangu, nilisema amina, kisha nikakuuliza umekula nini.

Nilipomwonyesha Odhiambo, alifungua historia ya ukurasa. "Sasa ulifuta nini? Hapa hakuna kitu hupotea. Cheki: nani aliweka, siku gani, saa ngapi. Na hii jina ulijipatia, woi!" Akashika kichwa. Jina nililojisajili nalo humo ni "Mume wa Mwanaidi". Nililichagua kwa mapenzi. Siku mtu wa huko atakapobofya hapo, atakayerushiwa kanga ni wewe.

Yule meya alijisemea mwenyewe mbele ya wapiga kura wake, kwa hiari yake, na wakamchagua. Mimi nimemsemea mtu jambo ambalo si lake. Na hata lingekuwa lake, waliyomfanyia mzee yule ni unyama.

Usiningoje mimi. Chukua barua hii leo uende nayo kwa Baba Mdogo, na Salimu aitwe. Isome yote, na pale pa amina usiparuke. Akikwambia udai talaka sitamlaumu, ila hilo nataka nilisikie kinywani mwako, ukinitazama. Nakupenda, na najua mapenzi hayo ndiyo yaliyonifumba macho.

Nisalimie mama mkwe, nisalimie shangazi aliyekupaka hina, na mdogo wangu fundi cherehani. Salimu usimpe salamu zangu. Yeye nitamshika miguu mwenyewe.

Meneja amenikubalia likizo isiyo na mshahara, na Jumapili ofisi itanirudishia pasipoti. Nitapita barabara ya sokoni mchana, watu wakiniona, hadi mlangoni kwa Baba Mdogo, na nitasema kwa sauti ni nani aliyeandika. Unifungulie au usinifungulie, Mwanaidi, nakuja kabla mwezi huu haujaisha.

Mumeo,
Idrisa