Barua Niliyoiweka Kwenye Faili

Dada yangu Hadija,

Shikamoo. Nimezoea kukuamkia, kuacha nimeshindwa.

Wewe ndiye uliyenitoa Kondoa. Ulinipokea stendi ya Dodoma nywele zimejaa makapi ya alizeti, ukanipeleka moja kwa moja kwa meneja wa kiwanda cha mafuta ya alizeti pale Ihumwa. "Mdogo wangu anajua kompyuta," ulimwambia, huku ukinisukuma mbele. Nikapewa meza ofisini. Wewe ukabaki chumba cha kuchambua mbegu, vumbi tupu, madirisha yamefungwa ndege wasiingie. Mchana tulikula pamoja ugali na mlenda uliopika wewe, na ukanitania kwa vile nilinawa mikono mara mbili mbili. "Bibi ofisi," uliniita.

Kisha fundi wa mashine ya chumbani kwenu akaugua. Muuguzi wa kituo cha afya alileta barua, nikaipokea mimi. Ilieleza wazi kwamba mfanyakazi wetu amekutwa na kifua kikuu, na wote wanaofanya kazi karibu naye waarifiwe, wakapimwe. Nikampelekea meneja. Akaisoma amesimama.

"Weka kwenye faili," akasema. "Tukitangaza watakimbia wote, na msimu ndio huu. Ikivuja, nitajua imetoka kwako."

Nikaiweka kwenye faili, Dada. Kwa mikono yangu mwenyewe.

Ulipoanza kukohoa nilikuambia uende hospitali. Ukacheka. "Nani hakohoi mle ndani? Ni vumbi tu." Hapo ndipo nilipotakiwa kusema. Nikakusogezea maji ya kunywa. Wiki zikapita, ukakonda mpaka sketi ukaifunga kwa kamba, nami kila asubuhi nikijiambia leo nitasema.

Siku tuliyokufikisha hospitali, daktari alikuuliza kama kuna mtu kazini aliyewahi kuugua kifua kikuu.

"Hapana, daktari," ulijibu, pumzi zikikatika. "Angekuwepo wangetuambia. Mdogo wangu huyu yuko ofisini."

Ukanigeukia nikuunge mkono. Nikainama. Nilianza kueleza, barua, meneja, faili, na kabla sijamaliza ulikuwa umenipa mgongo. Hatimaye ukasema, bila kunitazama, "Rehema anakaa pembeni yangu. Ana mtoto ananyonya. Nenda kawaambie."

Kesho yake niliitoa ile barua, nikaingia chumbani kwenu, nikaomba mashine izimwe. Niliisoma yote, ila jina la fundi sikulitaja.

"Hadija alijua?" Rehema akauliza.

"Hakujua."

"Na wewe?"

"Mimi nilijua."

Hakuna aliyenitukana. Walichukua mitandio yao wakatoka kwenda kupimwa. Rehema alikutwa na ugonjwa, na mwenzake mmoja. Walianza dawa mapema, wamepona, na mtoto ni mzima. Meneja alinifukuza siku hiyo hiyo. Baadaye wakaguzi wa usalama kazini walikuja, wakamweleza kwamba kuwaarifu wafanyakazi ni wajibu wake kisheria. Siku hizi, nasikia, taarifa kama ile inabandikwa mlangoni. Kwako dawa zilichelewa. Uliondoka duniani wiki ya tatu ya kulazwa, mimi nikiwa nimekwenda kukuchukulia uji.

Nimerudi Kondoa. Mama nilimweleza kila kitu, sikutaka ayasikie kwa watu. Siku mbili hakuitikia shikamoo yangu. Siku ya tatu aliitikia, kwa sauti ndogo, kisha akaniomba nimsaidie kukunja nguo zako.

Watu wananiambia nilikuwa naogopa kufukuzwa kazi, kwamba yeyote angenyamaza. Labda. Lakini wewe ulikuwa na homa kali, hunywi hata maji, na bado uliwaza juu ya Rehema. Mimi nilikuwa mzima, nimekaa kwenye kiti.

Hukuniambia kama umenisamehe. Nilikuwa na wiki tatu za kukuuliza, Dada, na hilo nalo sikulisema.

Mungu akulaze pema.

Mdogo wako,
Zuhura