Kupanda Kama Mathe

Mathe, maji yamerudi huko mtaani Pipeline, ama bado unapandisha mtungi hadi ghorofa ya saba? Niko Mlima Kenya. Juzi nilijifanya mjuaji, nikamwambia anayetuongoza kwamba ngazi za kwetu zimenizoesha, nikawapita wenzangu wote. Kufikia saa tano nilikuwa nimekaa juu ya jiwe, kichwa kinagonga, uji wote nimetapika. Leo nimepanda kama wewe: hatua ishirini, natua mkoba, napumua, naendelea. Baridi imenipasua midomo, lakini kileleni nimefika. Kumbe ulipokuwa ukitua mtungi kila ghorofa, mimi nyuma yako nikisonya, aliyejua kupanda ni wewe. Jumamosi niko nyumbani. Mtungi nitabeba mimi. Wewe tangulia, sitasonya.

Mwanao, Mutua